Sumu ya chura na chumvi za moyo

Masika yakikolea, mitaro ya Magomeni, Dar es Salaam, hujaa sauti. Kuanzia Mapipa hadi kingo za Jangwani, ambako Mto Msimbazi hufurika mvua inapozidi, vyura hukoroma usiku kucha na kuvizia wadudu chini ya taa za barabarani. Asubuhi watoto huwakuta wamejibanza nyuma ya ndoo uani, na hapo maswali huanza. Ana sumu? Ukimshika utaota chunjua?

La chunjua halina ukweli. Huletwa na kirusi cha binadamu, na mtu huambukizwa na mtu mwenzake. La sumu ni kweli. Mtazame kwa karibu chura yule mnene, mwenye ngozi ya mabaka na vipele: nyuma ya kila jicho ana uvimbe mrefu kama punje ya haragwe. Hiyo ni tezi. Mbwa akimng'ata, tezi hukamuka na kutoa utomvu mweupe, mzito na mchungu. Mara nyingi mbwa humtema papo hapo huku udenda ukimtoka. Aking'ang'ania, anaweza kutapika, kutetemeka na hata kufa.

Utomvu huo hulenga moyo. Kila seli ya mwili ina pampu ndogo mno kwenye utando wake, zinazotoa sodiamu nje na kuingiza potasiamu ndani. Tofauti ya chumvi hizo mbili ndiyo inayozalisha umeme wa mapigo ya moyo. Sumu ya chura huziba pampu hizo. Kalsiamu hurundikana ndani ya seli, moyo hujikaza kupita kiasi, kisha mapigo hupoteza mpangilio. Digoksini, dawa wanayopewa baadhi ya wagonjwa wa moyo, hufanya kazi kwa njia hiyohiyo, na ndiyo maana dozi yake hupimwa kwa uangalifu mkubwa.

Mtoto aliyemshika chura hana haja ya kukimbizwa hospitali. Anawe mikono kwa sabuni kabla hajajipangusa macho. Utomvu ukiingia jichoni, lioshwe kwa maji mengi yanayotiririka, na likiendelea kuwasha aonwe na daktari. Hatari kubwa iko kwa anayemla chura wa aina hii au kunywa dawa iliyotengenezwa kwa ngozi yake. Kumchemsha au kumkaanga hakuiondoi sumu. Mtu wa namna hiyo awahishwe hospitali hata kama bado anajisikia mzima, na wauguzi waambiwe wazi alichokula.

Wapo pia wanaommwagia chura chumvi ili aondoke uani. Naomba waache. Chura hanywi kwa mdomo: maji huingia mwilini mwake kupitia ngozi, hasa ya tumboni, na sehemu ya hewa anayovuta hupitia hapohapo. Chumvi humnyonya maji akiwa hai. Fagio na ndoo vinatosha kumhamishia mtaroni, ambako atakula wadudu.

Ngozi hiyohiyo ndiyo iliyomponza ndugu yake mdogo, chura wa Kihansi. Aligunduliwa mwaka 1996 katika korongo la Mto Kihansi, Milima ya Udzungwa. Ni wa rangi ya manjano, hafikii sentimita 3, na jike huzaa watoto walio hai badala ya kutaga mayai. Makazi yake yote duniani yalikuwa hekta chache zilizoloweshwa na manyunyu ya maporomoko. Bwawa la umeme lilipoanza kazi mwaka 2000, sehemu kubwa ya maji ilielekezwa kwenye mitambo ya megawati 180 na manyunyu yakapungua ghafla. Umeme huo huingia gridi ya Taifa, ileile inayowasha taa za Magomeni.

Serikali iliweka mabomba ya kunyunyiza maji, na vyura wapatao 500 walipelekwa Marekani, katika bustani ya wanyama ya Bronx, New York. Kwa muda hali ilitia moyo. Kufikia katikati ya 2003 walikuwa maelfu korongoni. Miezi michache baadaye walikuwa karibu wametoweka. Wataalamu hutaja sababu kadhaa, zikiwemo viuatilifu vya mashambani, lakini inayotajwa zaidi ni kuvu aliyegunduliwa kwenye ngozi zao mwaka huo. Kuvu huyo huharibu ngozi mpaka ishindwe kushikilia sodiamu na potasiamu. Chumvi hupungua mwilini, na moyo wa chura husimama. Jamaa ambayo baadhi yake huua kwa kuvuruga chumvi za moyo nayo hufa kwa kuvurugwa chumvi zilezile.

Mwaka 2009 chura wa Kihansi alitangazwa kuwa ametoweka porini. Mwaka uliofuata vyura 100 waliozaliwa Marekani walirejeshwa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, mwendo mfupi kutoka Magomeni, na mwaka 2012 wengine wapatao 2,500 wakaachiwa korongoni. Wanaishi kwa kutegemea mabomba yale. Yakizibika kwa tope, manyunyu hukatika, na ngozi ya chura haina akiba ya maji.