Mahali kama Sehemu ya Utungo: Mkabala wa Trisha Brown katika Dansi

Makala haya yanaeleza mkabala wa Trisha Brown (1936-2017), mtunzi wa dansi wa Marekani, katika kutunga dansi zisizotenganishika na mahali zinapochezwa. Istilahi inayotumika hapa ni dansi ya mahali. Neno ngoma limeepukwa kwa makusudi: katika Kiswahili ngoma ni ala, ni mchezo, na ni shughuli nzima pamoja na watu na uwanja wao, hivyo 'ngoma ya mahali' ingekuwa takriri. Dansi ya jukwaani ya Magharibi, kinyume chake, ilijengwa juu ya dhana kwamba jukwaa ni mahali patupu, na kwamba utungo waweza kuhamishwa ukumbi hadi ukumbi bila kubadilika. Dhana hiyo ndiyo aliyoitilia shaka Brown.

Mwaka 1970, katika mtaa wa Wooster, New York, alitunga kazi ambayo jina lake lataja yote yatendekayo: mtu anateremka ukutani. Mchezaji, akiwa amefungwa kamba, aliinama kutoka ukingo wa paa hadi mwili ukawa sambamba na ardhi, kisha akatembea ukutani kwenda chini. Hakuna hatua iliyopambwa. Ugumu wote ulitokana na ukuta, kamba na uzito wa mwili. Jengo ndilo lililotunga sehemu kubwa ya mchezo.

Inayomhusu zaidi mwanaisimu ni Roof Piece (1971). Wachezaji walisimama juu ya mapaa mbalimbali ya mji. Wa kwanza alibuni miondoko, wa pili akaiga alichokiona, wa tatu akamwiga wa pili, na kuendelea. Baadaye mwelekeo ukageuzwa. Kila mmoja aliiga kwa uaminifu, lakini kwa umbali ule kidole hakisomeki kama mkono ulionyooshwa. Upotevu huo haukuwa kasoro, bali ndio mada. Wala hapakuwa na mtazamaji aliyeweza kuuona mnyororo wote kwa pamoja.

Viambishi vya mahali vya Kiswahili vyafafanua tofauti hizi vizuri kuliko istilahi nyingi za kigeni. Jukwaa ni mahali pa mu-, ndani ya mipaka. Ukuta wa Wooster ni pa-, mahali mahususi. Mapaa ni ku-, mahali palipotawanyika.

Swali gumu ni la urejeshaji. Kazi ya ukutani ilichezwa tena Tate Modern, London, mwaka 2006, na Roof Piece katika bustani ya High Line, New York, mwaka 2011. Wako watakaosema kwamba zilikuwa kazi zilezile. Hoja hiyo haitoshelezi. Mwaka 1970 eneo la Wooster lilikuwa la maghala na viwanda vilivyohamwa, ambamo wasanii waliishi kwa kodi ndogo. Tate Modern ni jumba la makumbusho. Kinachohamishika ni agizo. Agizo hilo hufanya kazi kama neno 'hapa': umbo halibadiliki, ila kila anayelitamka huonyesha mahali pengine.