Ushairi wa Kale, Sehemu ya Nne: Jibu Liko Wapi?

Kila inapokaribia Aprili 13, siku aliyozaliwa Mwalimu, habari za Tuzo ya Taifa ya Mwalimu Nyerere ya Uandishi Bunifu huanza kujaa magazetini. Safari hii zimenikuta hapa Ruhembe nikijiandaa kuwasimulia misimu minne ya washairi wa Japani. Misimu itangoje. Habari hizi zimenichokoza.

Nimefurahi kuona ushairi umo katika nyanja zinazoshindaniwa. Ingekuwa aibu usiwemo, maana mwenye jina la tuzo ndiye aliyetupatia Juliasi Kaizari na Mabepari wa Venisi kwa Kiswahili, na uzeeni akaisimulia Injili kwa utenzi. Ila kuna jambo linaniwasha. Mshairi hujifungia chumbani akaandika diwani nzima, akaituma, majaji wakaisoma, mshindi akatangazwa, kitabu kikachapwa kikaenda shuleni. Sioni kosa katika hatua hata moja ya hizo. Ila sioni pia mahali ambapo shairi linamfikia mshairi mwingine likamkosesha usingizi mpaka alijibu.

Waliofuatana nami tangu sehemu ya kwanza wanaikumbuka waka, shairi la Kijapani la mistari mitano na mizani 31, na wanaikumbuka Kokinshu, mkusanyo ulioamriwa na mfalme wa Japani mwaka 905. Nilichowabania ni kazi ambayo waka ilifanya siku za kawaida. Katika jumba la mfalme pale Heian, mji ambao leo ni Kyoto, waka ndiyo iliyokuwa barua. Bwana aliyempenda bibi asiyewahi kumwona uso alimpelekea mistari mitano, ameikunja na kuifunga kwenye tawi la mti unaochanua majira yale. Bibi, au mjakazi wake mwenye ulimi mzuri, alitakiwa kujibu upesi. Jibu halikuweza kuwa lolote tu. Lilipaswa kulishika neno au taswira ya yule wa kwanza, kisha kuipindua. Akisema machozi yameilowesha mikono ya joho lake, basi bibi amuulize ni umande wa bustani ya nani huo. Hati, rangi ya karatasi, hata manukato yaliyofukiziwa karatasi, vyote vilipimwa. Jibu bovu lilivunja uchumba. Katika Hadithi ya Genji, aliyoiandika Murasaki Shikibu mwanzoni mwa karne ya 11, zimo waka 795, na nyingi katika hizo ni mtu anamwambia mtu na mtu anajibu.

Kutoka kwenye barua walifika uwanjani. Washairi waligawanywa pande mbili, kushoto na kulia, wakapewa mada moja, mwamuzi akakaa kati. Shindano ninalolipenda kuliko yote ni la mwaka 1193: washairi 12, kila mmoja na waka 100, raundi 600. Mwamuzi alikuwa Fujiwara no Shunzei, mzee aliyekaribia miaka 80, na kwa kila raundi aliandika sababu za hukumu yake. Naomba msomaji asiupite upesi mstari huo. Alitoa sababu raundi zote 600! Alipoona mshairi hajui kitabu alichopaswa kukijua, alisema wazi kwamba ni aibu. Na hapo ndipo anapoingia Kensho, mtawa wa Kibudha wa mlango uliopingana na ule wa Shunzei. Kensho hakunung'unika pembeni. Aliketi akaandika kitabu kizima cha kuipinga hukumu, hoja kwa hoja, na kitabu hicho kipo mpaka leo. Ninampenda Kensho kuliko Shunzei, ingawa wataalamu wengi watasema Shunzei ndiye aliyekuwa na sikio.

Kilele cha tabia hii ni renga, shairi la mnyororo. Mmoja anatunga mistari mitatu ya mizani 5, 7 na 5. Mwenzake anaongeza miwili ya 7 na 7. Wa tatu anatunga tena mitatu, na kuendelea hivyo hata beti mia. Mwaka 1488 Sogi na wanafunzi wake wawili, Shohaku na Socho, walitunga beti 100 za namna hii, wakazitoa kwa heshima ya mfalme Go-Toba aliyeishi zamani pale Minase. Sheria yake ngumu ni hii: ubeti wako lazima uungane na ule uliotangulia, na lazima uachane na ule uliokuwa nyuma ya huo. Huruhusiwi kung'ang'ania wazo. Ukiwa umeanza na mwezi juu ya mlima, mwenzako ataugeuza uwe mwezi wa msafiri aliye njiani, na anayefuata atamchukua msafiri na kuuacha mwezi. Nimehudhuria mikutano ya kijiji ambayo ingefaidika na sheria hiyo.

Sasa tazama yaliyoipata haiku, ambayo vijana wetu wanaijua kwa kuwa ni fupi na inaenea kwenye kioo cha simu. Haiku ni ule ubeti wa kwanza wa mnyororo. Basho, aliyeishi 1644 hadi 1694, aliongoza vikao vya beti za kuunganisha, na sehemu kubwa ya maisha yake aliitumia akiwasikiliza wenzake na kuwajibu. Ni Masaoka Shiki, mwishoni mwa karne ya 19, aliyekiondoa kipande kile cha mwanzo kwenye mnyororo na kukisimamisha peke yake. Dunia ikakipokea kipande hicho. Sisi nasi tukakipokea, tukakiita ushairi wa Kijapani, na nimeona vijana wakitunga haiku za Kiswahili kila mtu na yake, kila mtu na huzuni yake, hakuna anayemgeukia mwenzake hata kumwambia umekosea mizani.

Nasema haya kwa uchungu kwa sababu kujibizana kulikuwa kwetu pia, na hatukufundishwa na Mjapani. Anza na Fumo Liyongo. Alipofungwa, alimtumia mama yake ujumbe kwa wimbo kupitia kijakazi Saada, akiomba mkate wa wishwa wenye tupa ndani yake. Walinzi walisikia wimbo wasiuelewe, mama akauelewa, na jibu lake likawa ule mkate. Njoo Mombasa kwa Muyaka bin Haji. Lamu na Mombasa zilipokuwa zikivutana mpaka kufikia vita vya Shela, mnamo 1812, Zahidi Mngumi wa Lamu alikuwa na yake ya kusema, na Muyaka wa upande wa Wamazrui, watawala wa Mombasa, alikuwa na ya kumrudishia. Mwenye kuijua historia ya mgogoro ule anazisikia beti zikikatana. Asiyeijua anafungua Diwani ya Muyaka iliyochapishwa 1940 na kukuta mafumbo yaliyosimama bila mtu wa kuyafumbua, maana kitabu kimehifadhi nusu moja ya mazungumzo.

Gazeti la Mambo Leo, lililoanza 1923, lilifungua uwanja huo kwa watu wa bara. Karani, mwalimu au hakimu aliuliza kwa shairi, na toleo la baadaye likaleta mwenzake wa mkoa mwingine akimjibu kwa bahari ileile, mara nyingi na kwa vina vilevile, kama inavyotaka adabu ya majibizano. Walijuana kwa vina kabla ya kujuana kwa sura. Hivyo ndivyo ushairi wa pwani ulivyopanda bara: kwa gharama ya stempu na uchokozi.

Kisha tukagombana, na tukagombania kisichostahili. Mwaka 1954 Sheikh Kaluta Amri Abedi alitutolea Sheria za Kutunga Mashairi, kitabu nilichokifundishia kwa miaka mingi na ambacho bado naona hakina mshindani. Mwaka 1974 Euphrase Kezilahabi akatoa Kichomi, mashairi yasiyofuata vina wala mizani, na moto ukawaka. Wenye jadi walisema haya si mashairi, wenye mapya wakasema vina ni pingu. Nilikuwa upande wa jadi, na bado niko. Lakini kila nikiwasoma Wajapani, ambao mashairi yao ya kale hayana vina hata kidogo ingawa lugha yao humalizia silabi kwa irabu karibu kama yetu, naona vina havikuwa kiini cha ugomvi. Tulipokuwa tukishindana kama shairi lazima liwe na vina, wote wawili, wa jadi na wa kisasa, walikuwa wameshaingia vyumbani na kufunga milango. Kezilahabi alitunga peke yake. Wengi wa waliomshutumu nao walitunga peke yao.

Kuna atakayeniambia: na ngonjera? Mathias Mnyampala, Mgogo wa Dodoma, alizikuza makusudi ziwe majibizano ya jukwaani, na Ngonjera za UKUTA zilianza kutoka 1970, mwaka mmoja baada ya kifo chake. Namheshimu sana. Hata hivyo ngonjera zake nyingi zilikuwa na mjinga na mwerevu, na mwisho ulijulikana tangu ubeti wa pili: mjinga ataelimika. Nenda leo kwenye mahafali ya shule yoyote kati ya hapa na Mikumi. Watoto wamepanga mistari miwili, huyu anauliza, yule anajibu, na pande zote mbili zinamsifu mgeni rasmi. Mgeni rasmi anapiga makofi, anaahidi mabati. Hajawahi kujibiwa na mtoto, wala yeye kumjibu mtoto kwa ubeti.

Waliobaki na moto wa kweli ni watu ambao wasomi waliwakunjia pua, yaani wenye taarabu ya mipasho. Miaka ya 1990 kule Dar es Salaam, vikundi vya TOT na Muungano vilirushiana nyimbo kwa namna ambayo watu wa Heian wangeitambua mara moja: unalishika neno la mwenzako, unampindulia. Ukali wake siupendi sana. Ufundi wake naukubali.

Narudi kwenye tuzo, kwa ufupi, maana nafasi yangu gazetini imekwisha. Wajapani wana kikao cha waka cha mwaka mpya ndani ya jumba la mfalme. Mada inatangazwa mapema, mtu yeyote anatuma waka yake, jambo lililoruhusiwa tangu 1874. Kumi za raia huchaguliwa na kusomwa kwa sauti ya kuimba katika kikao kilekile ambamo waka ya mfalme husomwa. Tuzo yetu ingeweza kuongeza kitengo kimoja: mada itangazwe, mashairi kumi bora yachapwe gazetini, kisha zawadi kubwa aipate atakayejibu vizuri mojawapo ya hayo kumi kwa bahari na vina vyake. Majaji waandike sababu zao, nazo zichapwe. Na ukurasa wa wiki inayofuata uachwe wazi kwa ajili ya Kensho wetu, yeyote atakayekuwa.

Juma lijalo tunarudi Kokinshu, vitabu sita vya misimu, tukianza na maua ya miplamu.