Kweli au Si Kweli: Hesabu za Fremu Bei Zinapopanda

"Kodi nimeshalipa, miezi sita hii sidaiwi." Si kweli, na hapa nitakaa kidogo, maana nimeona maduka mengi yakifungwa kwa kosa hili. Tuseme fremu ya duka ni shilingi 200,000 kwa mwezi, na mwenye nyumba amechukua 1,200,000 mkononi. Ukifungua siku 26 kwa mwezi, kila siku duka linakula karibu 7,700 za pango, mteja aje asije. Kama mfuko mmoja wa unga unakuachia 500, basi mifuko 15 ya kwanza ni ya mwenye nyumba, na wa 16 pia anaugusa. Usipotenga pesa hiyo kila jioni, miezi sita ikiisha utalipa pango kwa mtaji, na rafu zitaanza kuonekana wazi.

"Mauzo yamepanda, basi na faida imepanda." Si lazima. Bei za jumla zikipanda, droo hujaa noti kwa bidhaa zile zile. Pima faida kwa bei utakayonunulia mzigo ujao, si uliyonunulia mwezi jana.

"Gharama ndogondogo hula duka." Kweli. Umeme wa friji (LUKU), taka, mlinzi, makato ya miamala: ziandike zote.

"Duka ni langu, sihitaji mshahara." Si kweli. Asiyejipangia mshahara huchota kwenye droo, na anayechota hajui amechota kiasi gani.

"Mafuta yakipanda, ni shida ya wenye magari." Si kweli hata kidogo. Mwaka 2022, vita vya Ukraine vilipopandisha bei za mafuta duniani, serikali ya Tanzania ilitoa ruzuku ya shilingi bilioni 100 kuanzia Juni. Mafuta yetu hushushwa Dar es Salaam, Tanga na Mtwara. Mwenye duka wa Kigoma hulipia umbali kutoka bandari hizo kwenye kila lita na kwenye kila katoni.

"Bei hazitabiriki, bajeti ya nini?" Si kweli. EWURA, mamlaka inayodhibiti nishati na maji, hutangaza bei kikomo za mafuta Jumatano ya kwanza ya kila mwezi. Jioni hiyo kaa na daftari lako, mpigie anayekuletea mzigo umuulize nauli mpya, kisha upange bei zako upya kabla hujafungua Alhamisi.