Bibimbapu: Kila Mboga na Chumvi Yake

Katika vyakula vya Kikorea vilivyoenea ulimwenguni, sijui kilichopigwa picha zaidi na kufahamika haba kuliko bibimbapu, yaani lile bakuli la wali lililopangiwa juu yake mboga za rangi mbalimbali, nyama, yai na kijiko cha rojo jekundu la pilipili. Kwani mtu aitazamaye picha yake hudhani kwamba ufundi wote umo katika kuzipanga zile rangi, au kwamba ladha yote yatokana na lile rojo, ilhali mpishi wa Kikorea aijuaye kazi yake hutumia sehemu kubwa ya muda wake katika jambo ambalo picha haina uwezo wa kulionyesha, nalo ni kuipa kila mboga moto wake, chumvi yake na mafuta yake, peke yake, kabla haijakutana na mwenziwe. Mpishi wa pilau huvikutanisha vitu chunguni ili vipeane ladha juu ya moto. Huyu huvitenga juu ya moto, akavikutanisha mbele ya mlaji. Asiyeifahamu tofauti hii atapika chakula kizuri, pengine kitamu sana, lakini hakitakuwa bibimbapu.

Kuhusu asili yake zimesimuliwa habari nyingi: wengine husema kilitokana na vyakula vya tambiko la wahenga, ambavyo aila ikiisha kuvitoa sadaka huvichanganya katika bakuli na kuvila pamoja, wengine husema ni desturi ya mkesha wa mwaka mpya, watu walipotaka kumaliza masalio ya mwaka unaokwisha, na wengine huwataja wakulima waliokula shambani bila nafasi ya kutandika vyombo vingi. Habari zote tatu zasadikika, wala sioni haja ya kuamua baina yake. Lililo dhahiri ni kwamba kitabu cha mapishi kiitwacho Siuijeonseo, kilichoandikwa na mtu asiyejulikana mwishoni mwa karne ya 19, chaeleza namna ya kukipika, na maelezo yake huwashangaza wengi: wali ulichanganywa jikoni na mpishi mwenyewe, pamoja na nyama, mboga za kukaangwa, mwani uliokaangwa na kuvunjwavunjwa, unga wa pilipili, ufuta na mafuta kwa wingi, kisha juu yake vikawekwa vipande vyembamba vya yai na vidonge vidogo vya nyama. Lile rojo jekundu, ambalo leo wengi huliona kuwa ndiyo roho ya chakula hiki, halimo.

Wala si ajabu, maana pilipili yenyewe ni mgeni katika Korea. Asili yake ni bara la Amerika, ikafika Asia ya Mashariki katika karne ya 16, na mwaka 1614 mwanachuoni Yi Su-gwang akaitaja katika maandishi yake. Hata sasa, katika mji wa Andong, kuna wali wa namna hii unaofuata adabu ya vyakula vya tambiko, ambavyo havitiwi pilipili wala kitunguu saumu, nao hukolezwa kwa sosi ya soya tu. Katika Jinju huwekwa nyama mbichi ya ng'ombe iliyokatwa nyembamba, na katika Jeonju, mji uliopata sifa kuu kwa chakula hiki na ambao UNESCO iliuingiza mwaka 2012 katika orodha ya miji ya sanaa ya mapishi, wali hupikwa kwa supu ya ng'ombe badala ya maji matupu, na juu yake hapakosekani machipukizi ya soya na vipande vya jeli ya njano ya choroko. Basi msomaji asiyepata kitu fulani sokoni asihuzunike: Wakorea wenyewe hawakupata kukubaliana juu ya bakuli moja.

Tuanze na wali. Mchele wa Korea ni wa punje fupi na nene, wenye wanga wa namna ya amilopektini kwa wingi na amilosi kidogo, na kwa sababu hiyo punje zake huvutana zikiisha kuiva. Sisi wa pwani tumezoea kumsifu mpishi ambaye wali wake umechambuka, punje na punje mbali mbali; huku sifa hiyo yageuka kuwa kasoro, maana wali usioshikamana huikimbia mboga, nayo mboga huanguka kijikoni. Apataye mchele wa punje fupi na autumie. Asiyeupata, akawa na mchele wa Kyela au pishori ya Mwea, auroweke kwa nusu saa, aongeze maji yazidi kidogo ya kawaida, asitie mafuta wala nazi, kisha auache ukiwa umefunikwa kwa dakika 10 baada ya kuutoa motoni. Hautanata kama wa Kikorea, lakini utalainika vya kutosha kuchukuana na mboga. Vikombe 2 vya mchele huwatosha watu 4.

Sasa mboga, ambazo Wakorea huziita namuli zikiisha kukolezwa, na hapa ndipo nitakapokaa, maana ndipo kazi ilipo. Chukua spinachi kiasi cha gramu 300, au mchicha mchanga, utie katika maji mengi yachemkayo yenye chumvi, na usihesabu dakika bali sekunde: 30 au 40 zatosha, mpaka majani yamelegea na rangi imezidi kuwa ya kijani. Yaopoe mara moja, yatie katika maji baridi ili moto uliobaki ndani yake usiendelee kuyapika, kisha yakusanye kiganjani na kuyakamua. Ukamuaji huu ndio mtihani wa mpishi. Lile beseni zima la majani limekuwa donge moja lisilozidi ngumi ya mtu mzima. Ukilibana, maji hutoka kwanza kwa mchirizi, kisha kwa matone, na yafikapo matone machache yanayosita baina ya vidole, hapo acha. Ukikamua pungufu ya hapo, maji yatashuka na chumvi yako mpaka kwenye wali na kuugeuza uji. Ukizidisha, majani yatakuwa makavu kama kamba. Likate donge hilo vipande, lifumue kwa vidole, litie punje moja ya kitunguu saumu iliyopondwa, chumvi kiasi cha robo ya kijiko cha chai, mafuta ya ufuta kijiko kimoja cha chai, na ufuta uliokaangwa, kisha onja. Onja hivyo hivyo kila mboga, kwani ni lazima kila moja iwe na ladha ya kutosha kuliwa peke yake na wali mweupe, bila ya kuwa na chumvi ya kuudhi.

Machipukizi ya soya hayapatikani kila soko, ila kuyaotesha nyumbani ni kazi ya mtoto. Tafuta soya ya kula, si ile ya mbegu za kupandia ambazo aghalabu hupakwa dawa. Iroweke usiku kucha, iweke katika chujio au chombo chenye matundu, ifunike kwa kitambaa kibichi mahali penye giza, na uimwagie maji safi mara 4 au 5 kila siku, uyaache yachuruzike yote. Baada ya siku 5 hivi mikia yake itakuwa na urefu wa kidole. Giza ni sharti, kwa sababu yakipata mwanga huwa ya kijani na machungu. Hayaliwi mabichi. Yachemshe kwa maji machache yenye chumvi kwa dakika 6 au 7, na hapa wapishi wa Kikorea huonyana jambo moja: ama ufunike sufuria tangu mwanzo na usiifunue mpaka yaive, ama uiache wazi tangu mwanzo mpaka mwisho, kwani kifuniko kikiinuliwa katikati ya kazi harufu ya soya mbichi hubaki katika machipukizi.

Yaliyobaki ni mepesi. Tango au mumunye changa hukatwa vipande vyembamba, hunyunyizwa chumvi kwa robo saa ili maji yatoke, hukamuliwa, kisha hukaangwa kwa moto mkali kwa dakika moja. Karoti hukatwa kama njiti za kiberiti na kukaangwa mpaka zilegee kidogo tu. Uyoga hukaangwa kwa sosi ya soya badala ya chumvi. Fuata mpango huu wa kikaango: kwanza kilicho cheupe, kisha karoti, kisha uyoga, na mwisho nyama, nawe hutahitaji kukiosha kikaango hata mara moja. Vitabu vingi vitakuambia utafute pia shina la kangaga liitwalo gosari. Hilo, lililokaushwa na kununuliwa dukani, hurowekwa na kuchemshwa kwa muda mrefu na maji yake kumwagwa, maana kangaga bichi lina sumu. Mimi nasema liache, na kwa vyovyote usithubutu kuchuma kangaga la mtoni kwa kusudi hili.

Juu ya mafuta ya ufuta, au mafuta ya uto kama walivyozoea kuyaita wazee wa pwani, pana neno la tahadhari. Ya Kikorea hukamuliwa kutokana na ufuta uliokwisha kukaangwa, na kwa hiyo ni meusimeusi na yenye harufu nzito; yale yakamuliwayo kutokana na ufuta mbichi ni meupe na mapole, na ukiyatumia peke yake utashangaa kwa nini bakuli lako limepooza. Dawa yake ni rahisi katika nchi kama Tanzania, ambayo ufuta wa Lindi na Mtwara husafirishwa ng'ambo kwa shehena: kaanga ufuta bila mafuta mpaka uanze kuruka na kunukia, utwange nusu yake kinuni, na uutie kwa ukarimu. Mafuta yenyewe yatiwe mwisho, chakula kikiisha kutoka motoni, kwani harufu yake haistahimili moto mrefu.

Nyama gramu 200 yatosha kabisa, ikatwe nyembamba, ilale kidogo katika sosi ya soya, sukari, kitunguu saumu na mafuta ya ufuta, kisha ikaangwe mpaka ikauke. Nyama mbichi ya Jinju na Jeonju yawafaa wale wenye bucha wanaloliamini na barafu ya uhakika. Yai nalo, wa zamani hutenga ute na kiini, kila kimoja kikakaangwa kwa utandu mwembamba na kukatwa nyuzinyuzi, ili rangi tano za mila ya Kikorea, yaani nyeupe, nyeusi, kijani, nyekundu na njano, zitimie. Jikoni mwa kila siku, yai la kukaanga lenye kiini laini laleta furaha zaidi.

Rojo lenyewe, gochujangi, hutengenezwa kwa unga wa pilipili, soya iliyochachushwa, unga wa mchele wa kunata, kimea na chumvi, likakaa miezi mingi katika mtungi, na mji wa Sunchang umejulikana sana kwa kazi hii. Vijiko 3 vya mezani vichanganywe na kijiko kimoja kimoja cha mafuta ya ufuta, asali na maji. Msomaji Mwislamu na asome kibandiko cha chupa kabla ya kununua, kwa sababu viwanda vingi hutia kileo ili kuzuia uchachu usiendelee, ingawa zipo zisizotiwa. Na asiyelipata kabisa, tafadhali asichanganye sosi ya nyanya na pilipili akajidanganya kuwa ni lile lile: afuate njia ya Andong, akoleze kwa sosi ya soya, ufuta na mafuta, naye atakuwa amepika bibimbapu ya haki isiyohitaji udhuru.

Bakuli la jiwe lililo moto, ambalo hoteli hulileta likilia, ni jambo la karne ya 20, na linapendwa kwa sababu moja ambayo haina haja ya kuelezwa kwa mtoto yeyote wa pwani: ukoko. Kikaango cha chuma kizito chafanya kazi hiyo hiyo. Kipake mafuta ya ufuta, tandaza wali, panga mboga juu, uache kwa moto wa wastani kwa dakika 6 au 8, nawe tega sikio. Mlio wa kutatarika ukianza kupungua, epua. Wakorea humwagia maji moto matandu yaliyosalia chomboni na kuyanywa baada ya kula.

Kisha changanya, bila huruma kwa ile sura nzuri uliyoipanga, kwa kijiko, kutoka chini kwenda juu, mpaka kila punje imepata rangi. Anayekula tabaka moja moja amejinyima. Tia rojo nusu kwanza, uonje, maana mboga zako zina chumvi tayari, na bakuli lenye gochujangi nyingi halina ladha nyingine. Namuli zilizobaki hukaa katika friji siku 2 au 3, lakini wali na yai viwe vya saa ile ile. Unayetaka kukipika chakula hiki Jumamosi, roweka soya yako Jumapili usiku; mengine yote utayapata sokoni asubuhi ya siku yenyewe.