Vitu vya Kale katika Kufundisha Maendeleo ya Binadamu

Mwalimu awapelekaye wanafunzi kwenye jumba la makumbusho aghalabu hurudi na madaftari yaliyojaa maneno ya vibao. Nasi wakufunzi tumewahi kulifanya kosa hilo. Mwaka mmoja tuliwaongoza wanachuo wetu katika ziara, wakanakili kila kibao. Kesho yake hakuna hata mmoja aliyeweza kueleza jinsi jiwe lililochongwa na binadamu linavyotofautiana na jiwe lililojipasukia mtoni.

Tuanze basi na jiwe. Katika matabaka ya chini ya Bonde la Olduvai yamepatikana mawe yaliyogongwa kwa mawe mengine yapata miaka milioni 1.8 iliyopita. Pigo lilibandua kipande chembamba chenye makali, na kipande hicho kilifaa kukatia nyama. Alama za kukata zimeonekana kwenye mifupa ya wanyama papo hapo. Sasa weka kando yake picha ya shoka la mkono la Isimila, Iringa, lenye umri wa zaidi ya miaka 200,000. Hili limechongwa pande zote mbili, lina ncha, na ubavu mmoja walingana na wa pili. Aliyelichonga alikwisha kuliona umbo akilini mwake. Lakini hayo usiwaambie watoto mapema. Waulize kwanza ni jiwe lipi lililohitaji mapigo mengi zaidi, na fundi alijuaje pa kukomea.

Kilicho kigumu zaidi ni umri. Chukua kamba ya mita 18 (ya katani yafaa, uzi hujifunga mafundo), kila sentimita iwe miaka 1,000. Uyeyushaji wa chuma huko Buhaya miaka 2,000 iliyopita utaangukia sentimita 2 kutoka mwisho; miaka yote tangu Uhuru wa 1961 haifiki milimita moja.

Fuvu la Zinjanthropus, alilolivumbua Mary Leakey huko Olduvai tarehe 17 Julai 1959, kwanza lilidhaniwa kuwa la mtengenezaji wa zana zile. Mwaka 1964 Louis Leakey na wenzake waliyapa mabaki mengine ya bonde hilo jina la Homo habilis, na sifa ya ufundi ikahamia kwake. Mtoto akiuliza, “Mwalimu, walijuaje?” usimnyamazishe. Mrudishe kwenye jiwe, aseme ameona nini.

Shule iliyo mbali na makumbusho na ianze na jiwe la kusagia la bibi mmojawapo kijijini.