Magofu na Mashimo ya Maji: Kazi Mbili za Jiwe la Chokaa

Katika rasi ya Yucatán, kusini mashariki ya Meksiko, kuna safari ya siku moja ambayo wageni wengi huifanya. Asubuhi huongozwa ndani ya magofu ya mji wa kale wa Wamaya, mathalani Chichén Itzá. Alasiri hupelekwa penye shimo refu la mviringo lenye maji maangavu, wakashuka ngazi na kuogelea. Mashimo hayo huitwa senote. Kwa mtalii, magofu ni somo na shimo ni mapumziko. Kwa mwanasayansi, yote mawili ni matokeo ya jiwe moja.

Afrika Mashariki nayo ina mahali pa jinsi hiyo. Katika kisiwa cha Unguja, mgeni atokaye mjini kuelekea kaskazini huweza kuona magofu ya jumba la Maruhubi, lililojengwa na Sayyid Barghash katika miaka ya 1880 na kuungua mwaka 1899, kisha akafika Mangapwani, ambako ndani ya pango la matumbawe mna maji matamu. Upande wa kusini upo msikiti wa Kizimkazi Dimbani, wenye maandishi ya mwaka 500 wa Hijra, yaani 1107 Miladia. Katika kusini hiyo hiyo yako mapango ya Jambiani na Paje, ambayo katika baadhi yake watu huogelea. Bara, mkoani Lindi, yako magofu ya Kilwa Kisiwani na Songo Mnara, na katika vilima vya Matumbi, wilayani Kilwa, yako mapango makubwa ya Nang'oma. Makala haya yanaeleza kwa nini magofu na mashimo hukutana katika nchi moja, na kwa nini swali la nani aoge wapi ni swali la maji ya kunywa.

Njiani kutoka Marambo

Mwanafunzi wa Marambo, katika eneo la Nachingwea na Ruangwa, hakuzoea kuona mashimo ya namna hiyo, na sababu yake imo chini ya miguu yake. Miamba mingi ya huko ina umri wa zaidi ya miaka milioni 500. Ilipata joto na kukandamizwa ndani ya ardhi hata ikageuka umbo, na ndani yake ndimo yanamopatikana madini ya kinywe ya Ruangwa. Sehemu kubwa ya miamba hiyo haiyeyuki kwa maji ya mvua. Maji hukaa katika nyufa zake, na katika udongo uliotokana na kumomonyoka kwake.

Akisafiri kuelekea mashariki, mwanafunzi huyo hupita juu ya miamba ambayo umri wake unazidi kupungua. Hufika kwanza kwenye tabaka za zama za dinosaria, kama zile za kilima cha Tendaguru, ambako wachimbaji wa Kijerumani walifukua mifupa kati ya mwaka 1909 na 1913. Mifupa hiyo ina umri wa yapata miaka milioni 150. Pwani kabisa hukuta matumbawe ya kale. Mengi ya matumbawe hayo yaliota baharini yapata miaka 125,000 iliyopita, bahari ilipokuwa juu ya kimo cha leo kwa mita chache, na sasa yamebaki nchi kavu.

Matumbawe hujengwa na wanyama wadogo wa baharini, na mifupa ya wanyama hao ni kalsiamu kaboneti, kitu kile kile kilichomo katika ganda la yai na kombe la chaza. Chokaa ya Yucatán ilitokana pia na mabaki ya viumbe wa bahari. Chokaa ya vilima vya Matumbi ni ya kale kuliko matumbawe ya pwani, lakini kanuni inayoitawala ni moja.

Jinsi maji yachimbavyo mwamba

Maji yaliyo safi kabisa huyeyusha chokaa kidogo mno. Lakini tone la mvua hubeba hewa ya kaboni dayoksaidi kutoka angani, na likipenya udongo wenye mizizi na majani yanayooza hupata hewa hiyo kwa wingi zaidi. Maji na hewa hiyo huungana kuwa asidi dhaifu, ambayo hupatikana pia katika chupa ya soda. Asidi hiyo hugeuza kalsiamu kaboneti kuwa kalsiamu baikaboneti, ambayo huyeyuka na kuchukuliwa na maji.

Kwa njia hiyo ufa mwembamba kama unywele hupanuka. Baada ya maelfu ya miaka ufa huwa mfereji, na mfereji huwa pango. Maji yakishuka, dari ya pango hukosa kitu cha kuiegemeza. Huliwa kidogo kidogo, na siku moja huporomoka. Shimo lililofunguka, likiwa limefika kina cha maji ya ardhini, huwa kidimbwi chenye kuta wima.

Kazi hiyo huweza kurudi nyuma. Tone linaloning'inia darini hupoteza kaboni dayoksaidi, nayo kalsiamu kaboneti huganda tena kuwa jiwe. Hivyo ndivyo zinavyoota nguzo za mawe zishukazo kutoka dari la pango. Baadhi ya senote zina nguzo hizo chini ya maji. Haiwezekani ziliotea humo, kwa kuwa tone haliwezi kudondoka ndani ya maji. Ziliota wakati pango lilipokuwa kavu, yapata miaka 20,000 iliyopita na kabla ya hapo, barafu nyingi ilipofunika kaskazini ya dunia na bahari ikawa chini ya kimo cha leo kwa mita zipatazo 120.

Mwalimu anaweza kuonyesha mambo hayo yote kwa bilauri moja. Mwanafunzi apulize pumzi taratibu kwa mrija ndani ya maji ya chokaa, akiangalia asiyavute kinywani. Kwanza maji yatakuwa meupe kama maziwa: hiyo ni kalsiamu kaboneti, jiwe lililozaliwa. Akiendelea kupuliza kwa muda, weupe utatoweka: jiwe limeyeyuka, na pango limechimbwa. Maji hayo yakichemshwa, weupe utarudi, kwani kaboni dayoksaidi imefukuzwa, na hiyo ndiyo nguzo ya pangoni.

Jinsi mwashi alivyolirudisha jiwe

Mwashi wa Kilwa alitumia kemia hiyo hiyo kwa njia ya moto. Alipanga rundo la magogo, akaweka vipande vya matumbawe juu yake, akakiwasha. Katika joto la karibu nyuzi 900 za Selsiasi, kalsiamu kaboneti hutoa kaboni dayoksaidi, na kinachobaki ni chokaa kali, ambayo huchemka inapomwagiwa maji. Chokaa hiyo ikiisha kuzimwa kwa maji ilichanganywa na mchanga na kutiwa katikati ya mawe. Ukutani ilivuta tena kaboni dayoksaidi kutoka hewani, na polepole ikawa jiwe. Kwa hiyo ukuta wa gofu ni mawe ya chokaa yaliyounganishwa kwa jiwe la chokaa lililotengenezwa na watu. Wamaya nao walichoma chokaa kwa ajili ya majengo yao.

Kwa kazi za nakshi, waashi wa pwani walitumia matumbawe yaliyokatwa baharini yangali mabichi na laini, ambayo hukauka yakawa magumu. Ufundi huo unaonekana Husuni Kubwa, jumba lililojengwa Kilwa Kisiwani katika enzi ya Sultani al-Hasan bin Sulaiman, mwanzoni mwa karne ya 14. Msafiri Ibn Battuta alimkuta sultani huyo akitawala alipofika Kilwa mwaka 1331. Ndani ya jumba hilo mna birika la pembe nane. Wamaya waliteremka kwenye maji yaliyofunguliwa na maumbile. Watu wa Husuni Kubwa walijijengea shimo lao la maji.

Asidi ile ya mvua haikuacha kazi yake. Huila kuta za magofu kama inavyoila miamba, huku mizizi ikipanua nyufa na mawimbi yakikata ukingo wa kisiwa. Magofu ya Kilwa Kisiwani na Songo Mnara yaliingizwa katika Orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 1981. Mwaka 2004 yaliwekwa katika orodha ya urithi ulio hatarini, na yakatolewa humo mwaka 2014 baada ya kazi kubwa ya ukarabati.

Maji matamu yaeleayo

Kaskazini ya Yucatán haina mito juu ya ardhi, kwa sababu mvua huzama mara moja katika chokaa. Ndiyo maana miji ilijengwa karibu na senote. Jina Chichén Itzá lenyewe lina maana ya mdomo wa kisima cha Waitza. Visiwa vya matumbawe vya pwani yetu vina tabia hiyo: mito ni haba au haipo, na uhai hutegemea visima.

Maji ya visima hivyo yako katika hali ya ajabu. Maji matamu ni mepesi kuliko maji chumvi, kwa hiyo huelea juu yake ndani ya mwamba, kama mafuta yaeleavyo juu ya maji, ingawa mpakani hayo mawili huchanganyika. Uzito wa lita moja ya maji matamu ni kilo 1.000, na wa maji ya bahari ni karibu kilo 1.025. Tofauti ni 0.025, nayo 1.000 ikigawanywa kwa 0.025 hutoa 40. Maana yake ni kwamba, kwa kila sentimita ambayo maji matamu yamepanda juu ya usawa wa bahari, ziko sentimita zipatazo 40 za maji matamu chini ya usawa huo. Kinyume chake ni hatari. Pampu ikishusha kimo cha maji kwa sentimita 10, baada ya muda maji chumvi huweza kupanda mita 4, na kisima kikaharibika.

Aogaye huoga katika kisima cha nani?

Katika mchanga, maji hupita polepole na uchafu mwingi huchujwa. Katika chokaa yenye mifereji, maji hukimbia bila kuchujwa. Shimo la maji, basi, ni mahali ambapo dari ya kisima kikubwa imeanguka. Mafuta ya ngozi, sabuni, takataka na vyoo vilivyochimbwa karibu huingia katika maji yale yale ambayo jirani huyateka kwa ndoo.

Kwa hiyo, mji au kijiji kinachotaka kupokea wageni wa kuogelea kinapaswa kuamua kwanza ni shimo lipi la kunywa na lipi la kuoga, na kutofanya yote mawili katika maji yanayowasiliana. Mgeni naye asijipake mafuta kabla ya kuingia, asiruke mahali ambapo kina hakijulikani, asiogelee peke yake, wala asiingie sehemu zenye giza bila kiongozi mwenyeji.

Safari ya shule

Kwa shule ya Marambo, Kilwa si safari ya siku moja. Ni lazima kulala Kilwa Masoko. Kutoka hapo, siku moja yatosha kuvuka kwa chombo hadi Kisiwani pamoja na kiongozi wa mambo ya kale, na kurudi. Zaidi ya kuchora ramani ya magofu, wanafunzi wanaweza kufanya uchunguzi mmoja ambao haugharimu kitu. Wakiisha kuomba ruhusa kwa wenyeji, wateremshe uzi safi wenye kijiwe ndani ya kisima, wapime umbali kutoka ukingoni hadi usoni mwa maji wakati bahari imejaa, kisha wapime tena inapokupwa. Vipimo viwili vikitofautiana, wamejionea kwamba kisima na bahari vinawasiliana ndani ya mwamba. Wakisharudi Marambo, wapime kisima cha shule kwa saa zile zile, na kulinganisha.