Herufi mbili mgongoni mwa lori la mafuta

Anayepanda mlima Kitonga nyuma ya lori la mafuta hana haraka tena. Lori linajikokota, foleni ndefu iko nyuma yake, na kazi inayobaki ni kusoma maandishi ya mgongoni. Moja limeandikwa kwa Kiingereza "highly inflammable". Linalofuata, lenye shehena ileile, limeandikwa "highly flammable". Mwanafunzi aliyefundishwa darasani kwamba "visible" ni kinachoonekana na "invisible" ni kisichoonekana ana haki ya kuuliza: kumbe mojawapo ya malori haya halishiki moto?

Yote mawili yanashika moto, tena kwa kasi moja. Maneno hayo ni ndugu wa tumbo moja na maana yao ni moja. Utata wote umo katika herufi mbili za mwanzo.

Asili ni Kilatini. Warumi waliuita mwali wa moto "flamma". Kutokana nao wakaunda "inflammare", yaani kutia moto, na herufi hizo mbili za mwanzo zilikuwa na maana ya "ndani". Lakini Kilatini kilikuwa na "in" mbili zinazofanana kama mapacha: moja huingiza, nyingine hukanusha. Kiingereza kilipokopa, kilibeba mapacha wote wawili bila kuwavisha nguo tofauti. Ndiyo maana "inhale" ni kuvuta hewa ndani, ilhali "incapable" ni asiyeweza.

"Inflammable" limo katika maandishi ya Kiingereza tangu mwanzoni mwa karne ya 17, na kwa muda mrefu halikumtatiza mtu. Waliolitumia walikuwa wasomi waliokijua Kilatini. Mwaka 1766 mwanasayansi Henry Cavendish alipoieleza gesi ambayo leo tunaiita haidrojeni, aliiita "inflammable air", hewa inayowaka, na wenzake wakamwelewa. "Flammable" lilizaliwa baadaye, mwaka 1813, mikononi mwa mfasiri wa maandishi ya Kilatini, kisha likakaa karibu karne nzima bila kazi ya maana.

Mambo yalibadilika neno lilipotoka maabara na kuingia bohari. Magari yaliongezeka, petroli ikasafirishwa kwa mapipa, na msomaji wa onyo sasa alikuwa kuli, dereva au mhamiaji aliyekuwa bado anajifunza Kiingereza. Kwake "in" ilikuwa ya kukanusha. Pipa likimwambia "inflammable", angeweza kuliegemea na kuwasha sigara.

Katika miaka ya 1920 chama cha Marekani cha kinga dhidi ya moto, NFPA, kilichoanzishwa mwaka 1896, kilianza kuhimiza watu waandike "flammable". Uingereza ilichelewa: taasisi yake ya viwango ilitangaza msimamo huohuo mwaka 1959. Leo alama za Umoja wa Mataifa kwa shehena hatari hutumia neno hilo fupi. Lile refu limebaki katika kamusi, katika mazoea ya wachoraji wa malori, na katika jamaa zake: daktari anayetaja "inflammation" ana maana ya kiungo kilichovimba na kuwa chekundu, chenye joto na maumivu, kana kwamba kimewashwa moto kwa ndani.

Jamaa mwingine ni "inflammatory", sifa ya maneno yanayowasha hasira za watu. Hapa Kiswahili kilipita njia ileile bila kumuuliza Mrumi. Mpishi huchochea kuni jikoni ili moto ukolee. Mwanasiasa hushtakiwa kwa uchochezi. Lugha mbili zisizo na udugu zilitazama jiko na kuona siasa.

Wala Kiswahili hakikosi mapacha wake. Tunawasha taa, na upupu nao unawasha. Tunazima moto, lakini mtu mzima si mtu aliyezimwa. Hatupotei, kwa sababu sentensi nzima hutuongoza. Neno lililochorwa peke yake kwenye pipa halina jirani wa kulieleza, na hapo ndipo hatari inapoanza.

Aliyeliona hilo mapema alikuwa Benjamin Lee Whorf, Mmarekani ambaye wengi wanamkumbuka kama mwanaisimu. Mshahara wake aliupata kwingine: alikuwa mkaguzi wa kinga ya moto katika kampuni ya bima ya Hartford. Alieleza jinsi watu walivyokuwa makini karibu na mapipa ya petroli yaliyojaa, lakini wakavuta sigara ovyo karibu na yale yaliyoitwa "matupu". Pipa tupu ndilo la kuogopwa zaidi, maana limejaa mvuke. Kiwandani kwingine mitambo ilifunikwa kwa kitu chenye neno "stone" ndani ya jina lake. Jiwe haliungui, wakasema. Tindikali ilikuwa imelibadilisha, nalo likawaka.

Mvuke wa petroli, kama ule wa pipa tupu, ndio usiotajwa mgongoni mwa lori. Petroli hutoa mvuke wa kutosha kuwaka hata katika baridi ya karibu nyuzi 40 chini ya sifuri. Mafuta ya taa huhitaji kufika takriban nyuzi 38 juu ya sifuri. Mvuke wa petroli ni mzito kuliko hewa. Hutambaa chini, hufuata mitaro na mabonde, hukutana na jiko la mkaa au injini ya pikipiki mbali na lori, kisha moto hurudi ulikotoka.

Tunayajua majina ya mahali ambako lori la mafuta lilipinduka, watu wakaja kuchota, na moto ukalipuka. Sachangwan, Kenya, Januari 2009: zaidi ya watu 100 walikufa. Sange, Kivu Kusini, Julai 2010: zaidi ya 200, baadhi yao wakiwa ndani wakitazama Kombe la Dunia. Msamvu, Morogoro, Agosti 2019: zaidi ya 100. Tusiwadhulumu marehemu kwa kudai hawakujua petroli inawaka. Kila mwenye kidumu mkononi alijua hilo, na wengi walisukumwa na ufukara. Ila kujua kwamba petroli inawaka si sawa na kujua kwamba moto unaweza kumfuata mtu aliyesimama pembeni akitazama, hata kama hakugusa tone.

Waingereza na Wamarekani walikubali kulitoa neno lenye umri wa zaidi ya miaka 300 kwa sababu msomaji mmoja angeweza kulielewa vibaya. Sisi bado tunamwonya mwanakijiji kwa lugha ya karani wa bandari. Wenye malori na wenye mamlaka, rangi ni ileile na nafasi ipo. Andikeni kwa herufi kubwa: MVUKE WAKE HUWAKA. LIKIPINDUKA, KIMBIA.